Hallveig wa Neðrakot, Aliyejifunza Michezo kwa Simu

Hallveig Bessadóttir, mwigizaji wa jukwaani na wa filamu, alizaliwa Jumamosi tarehe 11 Machi 1944 katika shamba la Neðrakot, bonde la Svarfaðardalur, na akafariki Dalvík, Alhamisi tarehe 14 Februari 2019. Kutoka Neðrakot hadi Dalvík ni kilomita kumi na nne. Katikati ya hapo aliishi Reykjavík miaka hamsini na minne. Ninayesoma ni mdogo wake, Dýrleif. Waigizaji walioomba kuusoma wasifu huu walikuwa watano, na binti yake, Sunneva, aliona kumpa mmoja ni kuwaudhi wanne, basi kazi ikaniangukia mimi. Nitausoma jinsi nilivyozoea kumsomea yeye, bila kupandisha sauti wala kuishusha. Anayetaka kulia na alie. Mimi bado sijafika huko, na sijui kama nitafika.

Siku aliyozaliwa theluji ilikuwa ikianguka kwa siku ya tatu mfululizo. Mkunga alikuja kwa mbao za kutelezea, amefungwa kamba kiunoni, na upande wa pili wa kamba alikuwa baba yetu, Bessi Oddsson, asije akampoteza njiani. Mama yetu, Kristrún Jónatansdóttir, alisema mtoto alitoka mkunga akiwa bado anavua viatu. Majirani walipomuuliza baba amepata mtoto wa namna gani, alijibu, "Ana sauti." Mimi nilifuata miaka miwili baadaye, na wazazi wetu wakaishia hapo.

Marehemu alisoma shule ya bweni ya bonde hili kuanzia 1952 hadi 1958, wiki mbili shuleni, wiki mbili nyumbani, kama watoto wote wa hapa wa wakati ule. Huko alijulikana kwa kuwaiga walimu. Alimwiga mwalimu wa hesabu vizuri kiasi kwamba siku moja mwalimu mwenyewe alisimama nje ya mlango akingoja mwalimu amalize. Mwezi Machi 1958 chama cha vijana kilikuwa na mchezo wa kuchekesha katika ukumbi wa bonde, na aliyeigiza polisi akapatwa na mafua. Hallveig, mwenye miaka kumi na minne, alipewa koti lake, kofia yake na sharubu za manyoya ya farasi. Katikati ya mchezo sharubu zikadondoka. Aliziinamia, akaziokota, akaziambia, "Na nyie mko chini ya ulinzi," akazitia mfukoni. Ukumbi ulicheka mpaka kahawa ikapoa. Njiani kurudi nyumbani baba aliuliza, "Aliyeutunga mchezo aliliandika lile la sharubu?"

"Hakuliandika, baba."

"Basi alikosea."

Kwa baba yetu hizo zilikuwa sifa nyingi. Sikumsikia tena akimsifu mtu hivyo.

Kuanzia 1959 hadi 1963 alisoma sekondari Akureyri, na kila kiangazi alikuwa Dalvík akipanga samaki kwenye mapipa ya chumvi. Septemba 1963 alikwenda Reykjavík kujiunga na shule ya uigizaji. Mama alimuuliza atakula nini huko. Alisema, "Samaki, mama, kama watu wengine." Alihitimu Mei 1966, lakini kabla ya kuhitimu alikwisha kupata nafasi yake ya kwanza jukwaani, ya mtumishi wa ndani mwenye maneno matatu: "Chakula kiko mezani." Alipiga simu nyumbani ili tufanye mazoezi.

"Mimi ni nani?" nikamuuliza.

"Wewe ni bwana mwenye nyumba."

"Bwana anasema nini?"

"Hasemi kitu. Amekaa tu."

"Sasa mimi nifanye nini?"

"Kaa."

Nikakaa kwenye benchi la simu. Akasema chakula kiko mezani, mara ishirini. Hivyo ndivyo kazi yetu ilivyoanza. Kuanzia hapo, kila alipopata nafasi, alinitumia kitabu cha mchezo kwa basi, akawa anapiga simu Jumatatu na Alhamisi baada ya mimi kumaliza kukamua. Yeye alisema maneno yake, mimi nikawasoma wengine wote. Nimekuwa wafalme, walevi, makasisi na mchumba aliyekimbia. Alinikataza kuigiza. "Soma kama taarifa ya hali ya hewa, mdogo wangu," aliniambia. "Ukitia chumvi nitajikuta naiga chumvi yako." Nilisoma kama taarifa ya hali ya hewa. Kati ya 1966 na 2015 alikuwa na nafasi themanini na tatu, na zote zilipita Neðrakot kwanza, pale pembeni ya mlango wa jikoni.

Wenye umri wangu mnakumbuka simu za wakati ule. Mashamba kumi na moja yalikuwa kwenye waya mmoja, kila shamba na mlio wake, na ye yote aliyetaka kusikiliza aliinua mkono wa simu akasikiliza. Walitaka. Nilikuwa nawajua kwa saa zao za ukutani, kila moja na mlio wake wa kuchechemea. Ya Sigurlaug wa Brekkukot, Mungu amrehemu, ilikuwa na kigugumizi. Yeye hakujificha. Jioni moja, katikati ya mazoezi, aliingilia kati: "Hallveig mwanangu, huyo mwanamume anakudanganya."

"Najua, mama Sigurlaug," Hallveig akajibu, "lakini sitakiwi kujua mpaka ukurasa wa hamsini."

"Basi mimi nitanyamaza. Lakini nimekwambia."

Mwaka 1969 Matthías alihamia bonde hili kutoka mashariki, na hakuna aliyekumbuka kumwambia habari za mazoezi yetu. Jioni ya kwanza kuinua simu alimsikia mwanamke akisema, kwa sauti ya kukata tamaa kabisa, "Mkifungua mlango asubuhi mtanikuta nimekwisha kufa." Kisha akanisikia mimi nikijibu, "Haya." Alikwenda kwa trekta hadi kwa mchungaji. Asubuhi mchungaji alinikuta zizini, amebeba mkoba wake wa sakramenti.

"Dýrleif, mtu unamjibuje dada yako 'haya' katika jambo kama hili?"

"Ndivyo ilivyoandikwa, mchungaji."

"Imeandikwa wapi?"

"Ukurasa wa sabini na mbili."

Mchungaji alikunywa kahawa vikombe vitatu kabla ya kuondoka. Matthías alikaa mwaka mzima bila kunitazama usoni, lakini baada ya hapo alikuwa akienda Reykjavík kila msimu kumwona Hallveig jukwaani. Katika bonde hili hakuna aliyemwona mara nyingi kumshinda yeye. Ameketi safu ya tatu, na ananitazama sasa hivi.

Waya ule ulitufurahisha, na ulitunyima kitu. Lo lote la kwetu wawili halikuweza kusemwa humo. Lilibidi lingoje kiangazi, Hallveig aje kukata nyasi, na wakati wa kukata nyasi watu wana nyasi za kukata. Hatukuwa watu wa kukaa chini na kusema, "Nina jambo nataka kukwambia." Sidhani kama kuna aliyelelewa Neðrakot aliyewahi kuitamka sentensi hiyo.

Tarehe 20 Juni 1970, katika kanisa hili, aliolewa na Eyvindur Tómasson, fundi wa jukwaa. Kazi ya Eyvindur ilikuwa kuhakikisha kwamba kila kitu kinachoshikwa na mwigizaji kipo mahali pake kabla pazia halijafunguliwa: barua, bastola, kikombe. Alimwomba uchumba kwa kuweka pete ndani ya kikombe ambacho Hallveig alitakiwa kunywa katika kitendo cha pili. Aliinywa chai, akaiona pete, akamaliza kitendo, akatoka nyuma ya jukwaa akamwambia, "Ungeniua." Eyvindur akasema, "Niliipima. Haimezeki." Sunneva alizaliwa tarehe 2 Februari 1972. Eyvindur alifariki mwaka 2009.

Sasa nafika mahali ambapo Sunneva aliniambia naweza kuparuka. Nimefikiri, na sitaparuka.

Ijumaa tarehe 4 Oktoba 1974 mume wangu, Ketill, alipanda mlimani kutafuta kondoo waliobaki nyuma wakati wa kuwakusanya. Theluji ilikuja mapema. Walimpata Jumapili. Mwana wetu, Gísli, alikuwa na miaka mitatu. Jumamosi iliyofuata jeneza liliwekwa sebuleni kwetu kwa sala ya kumuaga nyumbani, kabla ya kubebwa kuja hapa. Watu wengi wangerudi kula, kwa hiyo nilikuwa jikoni namenya viazi. Sala ilisomwa, wimbo ukaimbwa, mimi namenya. Hallveig alikuwa amekuja kwa ndege ya asubuhi. Alisimama kwenye mlango wa jikoni na koti lake la mjini, hakulivua. Nililiona lile koti kwa pembe ya jicho, muda wote wa sala. Mwishowe Sigurlaug aliingia, akanitoa kisu mkononi, akanivika koti langu, tukaenda kanisani. Sikulia siku ile wala baadaye. Ng'ombe walikuwa kumi na wanane, na baba alikuwa na mgongo mbovu.

Miaka minne baadaye, katika msimu wa vuli wa 1978, marehemu alipata nafasi iliyomfanya ajulikane nchi nzima. Alikuwa mjane katika mchezo mpya uliochezwa Reykjavík. Tulifanya mazoezi kwa simu kama kawaida. Nilimsoma mchungaji, nikamsoma baba mkwe, nikamsoma dada wa mjane, ambaye alikuwa na maneno machache mwanzoni. Katika kitendo cha pili kulikuwa na mstari mmoja kwenye mabano: "Mjane anamenya viazi." Pale hapakuwa na mazungumzo. Sehemu zisizo na maneno hatukuwa tukizisoma, za nini kwenye simu? Tuliruka tukaenda kwenye ukurasa uliofuata.

Alinitumia tikiti na nauli. Sikuwa nimemwona jukwaani hata mara moja tangu zile sharubu, kwa sababu ng'ombe hukamuliwa asubuhi na jioni na hawajui maonyesho. Mara hii baba alisema atakamua yeye, mgongo au bila mgongo. Jumapili tarehe 5 Novemba 1978, saa tisa alasiri, nilikaa safu ya nne. Kitendo cha pili, mjane akaachwa peke yake jikoni. Akaanza kumenya viazi. Akamenya, akatupa kwenye ndoo ya maji. Viazi vikaisha. Akaingiza mkono ndani ya ndoo, akatoa kilichokwisha kumenywa, akakimenya tena. Akatoa kingine. Alikuwa anamenya viazi vyeupe, vinazidi kuwa vidogo, na bega lake la kushoto limepanda juu hivi.

Lile lilikuwa bega langu. Sikuwa najua kwamba niliwahi kumenya viazi vilivyokwisha kumenywa. Nilijua siku ile, safu ya nne, pamoja na watu mia tano. Mwanamke wa kushoto kwangu alikuwa analia. Mwanamume wa nyuma yangu alikuwa anapenga kamasi. Nilisimama, nikawaomba radhi watu waliokaa hadi mwisho wa safu, nikachukua koti langu. Nyumbani kwa Hallveig niliacha karatasi mezani: "Nimerudi kwa ng'ombe." Nilipata ndege ya saa kumi na mbili.

Alhamisi simu ilinyamaza. Ilinyamaza wiki kumi na moja. Kisha ikalia mlio wetu, na Hallveig akasema, "Nimepata nafasi nyingine. Kitabu kimefika?" Nikasema kimefika. Akasema, "Basi, ukurasa wa kwanza." Nyuma yake nilisikia saa ya Brekkukot na zingine tatu au nne. Tukasoma.

Sikwenda tena kumwona jukwaani. Alinialika kila msimu, nikasema ng'ombe kila msimu. Kwa miaka saba ya kwanza nilikuwa na kisingizio kizuri cha kutomwambia kilichonikera, maana bonde zima lilikuwa linasikiliza. Juni 1985 waya mpya ukaja, kila shamba na simu yake. Jumatatu ya kwanza alipopiga, hapakuwa na saa ya mtu, hapakuwa na pumzi ya mtu. Kulikuwa kimya hata nikadhani imekatika.

"Dýrleif," akasema. "Sasa tuko wawili tu."

"Ndiyo."

Akangoja. Nilikuwa nimekaa kwenye benchi lile lile, na kitabu magotini.

"Haya, dada," nikasema. "Ukurasa wa kwanza."

Akasoma.

Katika filamu alianza kiangazi cha 1981, akiwa mama wa wavuvi watatu, na baada ya hapo alionekana katika filamu kumi na mbili na vipindi vingi vya televisheni. Hizo niliziona, zilikuja Dalvík. Alikuwa hodari sana wa kufa. Alikufa mara kumi na tisa katika kazi yake, kwa kikohozi, kwa maji, kwa sumu na mara moja kwa kugongwa na farasi. Mwaka 1994 alikuwa amekaa kwenye bwawa la maji moto karibu na kwake, maji hadi shingoni, na mwanamume mmoja akamkazia macho.

"Samahani, si wewe uliyekufa jana kwenye televisheni?"

"Ni mimi."

"Pole."

"Ahsante. Maji yananisaidia."

Alitunukiwa nishani ya taifa mwaka 2001. Aliiweka kwenye droo ya vijiko, kwa kuwa, alisema, humo ndimo anamoingiza mkono kila siku.

Mwezi Oktoba 2015, akiwa katika nafasi yake ya themanini na tatu, ulimi ulianza kuwa mzito. Aliniambia kwenye simu, "Ulimi unanigomea." Nikamwambia anywe kahawa. Tarehe 3 Mei 2016 madaktari walimwambia ni ugonjwa wa neva, ule unaolegeza misuli mmoja baada ya mwingine, na kwamba kwake umeanzia mdomoni. Alicheka. Alisema ungeweza kuanzia miguuni, miguu yake haijawahi kuandikwa gazetini. Sauti ilimpotea kabisa Novemba 2017. Mwezi uliofuata alirudi kaskazini, katika nyumba ya kulelea wazee Dalvík, chumba chenye dirisha linalotazama fjordi, ule mkono wa bahari. Gísli ndiye anayeliendesha shamba siku hizi, kwa hiyo sikuwa na ng'ombe wa kusingizia, nikawa namtembelea Jumanne na Jumapili. Nilimpelekea vitabu vyake vya zamani. Niliwasoma wengine wote, na penye maneno yake nilinyamaza kwa kadiri ya urefu wake, naye midomo ikitikisika. Wauguzi walituzoea. Kitabu cha viazi hatukukisoma. Kilikuwa kwenye sanduku, nilikiona, nikakipita.

Alikuwa na kibao cheupe cha kuandikia. Jumapili tarehe 10 Februari mwaka huu alikichukua, akaandika polepole, kwa mkono uliokuwa umeshaanza kuchoka. Aliandika: "1978. Ulitoka kabla ya mwisho. Kwa nini?"

Alikigeuza nikisome. Nilikisoma. Alinitazama kama mtu anayengoja zamu yake.

"Ng'ombe," nikasema.

Kisha akafuta kibao kwa mkono wa sweta lake, akaonyesha kitabu tulichokuwa tunakisoma, tukaendelea.

Usiku ule niliamua nitarudi Jumanne nimwambie. Nimefika miaka sabini na miwili, nikaona siwezi kumdanganya mtu ambaye hawezi kunijibu. Jumatatu barabara ya bonde ikafungwa na theluji. Jumanne bado imefungwa. Jumatano nilipiga simu, na muuguzi akamwekea simu sikioni. Nilimsikia akipumua. Simu ilikuwa ya kwetu wawili, hakuwa na namna ya kunikatiza, na barabara ilikuwa imefungwa, kwa hiyo sikuwa na pa kwenda. Nilimwambia theluji imefika usawa wa dirisha la zizi. Nilimwambia upepo ni wa kaskazini mashariki, utapungua kesho. Nikamwambia, "Haya, dada, tutaonana," nikakata.

Alifariki Alhamisi, saa moja na dakika ishirini asubuhi, Sunneva akiwa amemshika mkono. Barabara ilifunguliwa saa sita mchana.

Ingefaa niishie hapo. Nilikuwa nimeandika mpaka hapo, na Sunneva alikwisha kuipeleka karatasi kwa mpiga chapa. Aya inayofuata haimo katika ratiba mliyoishika mkononi.

Juzi Alhamisi tulikutana, sisi wa karibu, kumuaga kabla jeneza halijafungwa. Alivalishwa gauni la bluu. Uso wake ulikuwa umetulia kuliko alivyotulia katika vifo vyake vyote kumi na tisa, na sikuhisi kitu, ila miguu yangu ilikuwa baridi. Wengine walipotoka, Sunneva alibaki pembeni yangu.

"Mama mdogo," akasema, "ule mchezo wa viazi hukuumaliza."

"Nani kakwambia?"

"Mama. Alisema ulitoka mjane akiwa peke yake."

"Alikuwa peke yake."

"Mpaka hapo, ndiyo. Halafu dada yake anaingia."

Nikamwambia dada hana maneno katika kitendo cha pili. Nilimsoma mimi, ninajua.

"Hana maneno," Sunneva akasema. "Anaingia na koti lake la mjini, halivui. Anakaa kwenye benchi karibu na mjane, anachukua kisu cha pili, anaanza kumenya naye. Wanamenya mpaka taa zinazimika. Haimo kitabuni, mama mdogo. Mama ndiye aliyeitaka. Mwongozaji alikataa, mama akamwambia basi tafuta mjane mwingine. Baba alikuwa akiweka visu viwili mezani kila siku. Ukimuuliza cha pili cha nini, alisema ni cha Dýrleif."

"Kwa nini hakuniambia?"

"Kwenye waya ule? Na baadaye akawa anangoja useme wewe kwanza ulichokiona. Alisema akikueleza mwisho kabla hujauliza, itakuwa kama anaomba asamehewe kwa nguvu."

Basi jibu la swali la kwenye kibao ni hili, na Matthías na nyote mliokuwa kwenye waya mnaweza kulisikia. Hapakuwa na ng'ombe. Baba ndiye aliyekamua wiki ile. Nilitoka kwa sababu siku ya Ketill dada yangu alisimama mlangoni akanitazama, na hakuingia. Sikumkasirikia kwa kuchukua mikono yangu na kuipeleka jukwaani. Nilimkasirikia kwa kuwa aliona vizuri kiasi kile, na hakuingia. Nimeubeba moyo huo miaka arobaini na kidogo, Jumatatu na Alhamisi, nikimsomea hali ya hewa. Kumbe aliingia. Mchezo ulichezwa mara sitini na moja, na aliingia mara sitini na moja, na mara moja kati ya hizo mimi nilikuwa natafuta koti langu.

Marehemu ametanguliwa na wazazi wake, Bessi na Kristrún, na mume wake, Eyvindur. Ameacha binti yake, Sunneva Eyvindsdóttir. Wajukuu wawili, Arndís na Oddur. Mpwa wake, Gísli Ketilsson wa Neðrakot, na watoto wake watatu. Baada ya maziko chama cha akina mama kinawakaribisha nyote ukumbini kwa kahawa, nyama ya kondoo ya moshi na chapati za maji. Kaburi litafukiwa kwa majembe kwa kuwa ardhi imeganda na mashine haikuweza kupita langoni. Itachukua muda, na upepo ni mkali. Anayesikia baridi atangulie ukumbini, hakuna atakayemlaumu.

Ameacha pia mdogo mmoja, Dýrleif, aliyetoka mapema. Apumzike kwa amani dada yangu Hallveig. Leo nakaa mpaka mwisho.